Kiapo cha Ng'ombe
Sura ya kumi na moja: Ukurasa wa tisa

Simu iliendelea kulia.

Wiki iliyopita tulimwacha Joselyne Mukandori ndani ya duka la kompyuta la Bashige, mjini Kamembe, kidole kikiwa juu ya kitufe cha kufuta rufaa yake, na jina la wakili wake, Maître Gasana, likiwaka kwenye simu. Wasomaji mmeniandikia wiki nzima. Nusu yenu mnasema apokee, nusu mnasema abonyeze. Mmoja wa Bugarama ameniita katili. Haya, nimesikia. Lakini mimi nasimulia tu, kidole kilikuwa chake.

"Maman Dokta, telefone inalia," alisema Bashige.

"Niko nasikia."

"Haupokee?"

"Nikipokea, Maître atanikataza."

Akabonyeza.

Wewe uliyenunua gazeti leo kwa mara ya kwanza, sogea nikueleze. Mukandori alikuwa daktari wa mifugo wa sekta moja, yaani kata, huko juu ya bonde la mpunga. Jina la sekta tumelificha tangu sura ya kwanza na leo pia halitatoka. Alifukuzwa kazi kwa sababu ya ng'ombe mmoja. Ng'ombe huyo alikuwa wa serikali, wa wale wanaogawiwa kaya maskini, naye akaenda kwa mjane mmoja aitwaye Nyirarukundo. Ofisi ya sekta ikasema mjane hakuwamo kwenye orodha, na kwamba Mukandori amegawa mali ya umma kana kwamba anagawa zizi la baba yake. Mukandori akajibu kwamba jina la mjane lilichaguliwa mbele ya kijiji kizima, watu wamekaa kwenye majani, na kazi yake yeye ilikuwa kulisoma tu.

Akaenda mahakamani kudai kazi yake. Huko kikatokea kioja ambacho watu wa soko wanakicheka mpaka leo, ingawa mimi sioni cha kucheka.

Nyirarukundo aliitwa awe shahidi wake. Sasa, huku kwetu mtu aliyepewa ng'ombe huapa kwa jina la aliyempa. Wazee wetu waliapa hivyo na sisi tunaapa hivyo. Bibi yule akanyoosha mkono, akala kiapo cha mahakama vizuri kabisa. Kisha, ili hakimu asibaki na shaka hata chembe, akaongeza cha kwake kwa sauti ya kanisani: "Yampaye inka Mukandori!" Yaani, naapa kwa Mukandori aliyenipa ng'ombe!

Karani akaandika. Wakili wa ofisi akatabasamu. Hukumu ikatoka ikisema kwamba shahidi wa Mukandori mwenyewe amethibitisha, kwa kiapo, kuwa ng'ombe alitolewa na Mukandori. Basi kazi ikaenda, na jina zuri likaenda nayo. Tangu siku hiyo daktari wa watu anauza mchele kwa beseni karibu na mpaka wa Rusizi ya kwanza, na wabeba mizigo wanaoelekea Bukavu bado wanamwita Dokta, wengine kwa heshima, wengine kwa kumchokoza.

Rufaa ilikuwa imepangwa kusikilizwa Ijumaa saa nane mchana. Gasana alihitaji jambo moja tu, bibi arudi aseme wazi kwamba ng'ombe alitoka serikalini. Mara tatu Mukandori alipanda kilima kumbembeleza.

"Useme tu, ngombe ilitoka ku Leta. Miye nilisoma jina lako ku liste. Basi."

"Niseme weye haukunipa?"

"Njo vile, Maman."

"Muntu anakupa ngombe, halafu unamukana mbele ya bantu?" Bibi alitema mate pembeni. "Afazali nikufe. Batu bataniita nani?"

Huwezi kumkasirikia mtu wa namna hiyo. Mukandori alijaribu, akashindwa.

Ndipo Jumanne akatokea Habumugisha, katibu mtendaji wa sekta, gitifu kama tunavyosema, mtu mwenye sauti laini na viatu visivyoshika matope. Alimkuta Mukandori kwenye beseni lake la mchele. Akamwambia, "Ukiendelea na rufaa, Ijumaa tutaomba yule ng'ombe arudishwe. Ukifuta, mimi sitamgusa. Nakupa neno langu."

Mukandori alimfikiria Gaju. Ndilo jina la ng'ombe. Lita sita kila asubuhi kabla ya mimba kukua, samadi kwenye shamba la maharage, na sasa mimba ya miezi minane, aliyoipandikiza Mukandori kwa mkono wake mwenyewe ingawa alikuwa ameshafukuzwa. Kabla ya Gaju, Nyirarukundo alikuwa akilima mashamba ya watu kwa bakuli la maharage. Akaona kwamba kazi yake imekwisha kupotea, basi angalau ng'ombe wa bibi abaki.

Hivyo alibonyeza. Kioo cha kompyuta kikamwandikia: "Ombi lako la kuondoa rufaa limepokelewa."

"Ni hivi tu?" aliuliza Bashige.

"Ni hivi tu."

Miaka miwili ya kwenda na kurudi ilikuwa imemezwa na mstari mmoja wa maandishi. Mukandori alishangaa kwamba halii.

Simu ikalia tena. Safari hii akapokea.

"Dada, usifute!" Gasana alikuwa akihema kama mtu aliyepanda ngazi mbio. "Nimesikia gitifu alikutembelea. Usifute chochote mpaka nije!"

"Maître, nimeisha futa."

Gasana akauliza polepole, kama anayemuuliza mgonjwa, "Kwa nini?"

"Juu ya ngombe. Gitifu alisema haitaguswa."

"Alikuandikia?"

"Alinipa neno."

"Neno! Dada yangu, ile hukumu ya kwanza ina kurasa kumi. Uliisoma yote?"

"Nilisoma fasi ya kazi yangu."

"Ukurasa wa tisa je?"

Mukandori hakuufikia. Siku ile ya hukumu alifika kwenye neno "amefukuzwa kwa haki," kwenye ukurasa wa nne, na macho yake yakagoma kuendelea. Nani kati yetu angeendelea?

"Ukurasa wa tisa unasema ng'ombe aondolewe kwa Nyirarukundo, apewe mwenye haki kwenye orodha ya ofisi. Waliomba, wakapewa. Hawakuweza kumchukua kwa sababu rufaa yako ilizuia. Ilikuwa ndiyo kamba pekee inayomfunga yule ng'ombe pale kwa bibi. Na wewe umeikata."

"Tuirudishe, basi. Niko hapa ku machine. Niambie nibonyeze wapi."

"Hakuna pa kubonyeza. Muda wa kukata rufaa ulikwisha tangu Machi, na rufaa uliyoiondoa mwenyewe haifufuki."

"Maître, nilifanya juu ya ngombe!"

"Najua," alisema Gasana. "Hata gitifu alijua utafanya hivyo."

Hiyo ilikuwa Jumatano.

Alhamisi Mukandori alipanda kilima kwenda kumwambia bibi. Alifika kwenye kona ya mikaratusi, akaona moshi wa jiko la Nyirarukundo, akasikia Gaju akilia kuomba majani. Akageuka. Akarudi mjini. Tusimcheke, ndugu zangu. Habari nyingine mdomo unazijua lakini unakataa kuzibeba.

Ijumaa, saa nne asubuhi, simu ya Mukabera, jirani wa bibi.

"Maman Dokta, kuya mbio. Kuko camion ya kubeba ngombe kwa Mukecuru Nyirarukundo. Na Gitifu eko hapa."

Alikwenda kwa pikipiki mpaka barabara ilipoishia, kisha kwa miguu, na nusu ya njia alikimbia. Alipofika, uani kumejaa watu. Lori dogo limerudi kinyumenyume mpaka mlangoni pa zizi. Dalali wa mahakama, mwanaume mnene mwenye mkoba, alikuwa akitafuta miwani yake. Nyirarukundo amesimama mbele ya Gaju, mikono ameitanua, kama mtu anayezuia kuku wasitoke.

Na Habumugisha alikuwa pembeni, chini ya kivuli cha migomba, mikono mfukoni.

Mukandori akaenda moja kwa moja kwake. "Ulinipa neno!"

"Na nimelishika."

"Hii camion ni nini?"

"Nilisema mimi sitamgusa." Gitifu alitabasamu bila kuonyesha meno. "Unaona nimemgusa?"

Hakuitoa mikono mfukoni asubuhi yote. Nilipoambiwa hilo na walioona kwa macho, sikulala vizuri siku mbili.

"Leo njo siku ya korti!" alipaza sauti Nyirarukundo. "Saa nane! Kwa nini munakuya mbele ya korti?"

Dalali akavaa miwani. "Mama, kuna désistement. Hukumu imekuwa ya mwisho."

"Ni nini hiyo?"

Neno hilo maana yake rufaa imeondolewa. Dalali alimtazama Mukandori, Mukandori akatazama chini, na bibi, ambaye Kifaransa chake kinaishia kwenye bonjour, akadhani ni jina la ugonjwa wa ng'ombe.

"Gaju haina désistement!" alisema. "Dokta mwenyewe alimupima!"

Watu wawili watatu wakacheka, kisha wakaona uso wa Mukandori wakaacha.

Dalali akasoma kwa sauti ya kuchoka. "Ng'ombe jike mmoja, rangi ya kahawia, aliye kwa Nyirarukundo, aondolewe na akabidhiwe leo hii kwa mwenye haki nambari saba kwenye orodha ya ofisi. Jina lake Harerimana."

Kwa miaka miwili jina hilo halikutajwa. Mahakamani walisema ni siri ya maskini, wasiaibishwe.

"Harerimana gani?" aliuliza Mukabera. "Hapa kilimani hatuna maskini anaitwa Harerimana."

Dalali akageuza karatasi. "Wa kule chini bondeni. Kando ya mashine ya kukoboa mpunga."

"Kando ya mashine?" Mukabera akapiga makofi. "Ile mashine njo yake! Mzee Harerimana, baba mukwe ya Gitifu! Maskini ile eko na mashine!"

Uani kukalipuka. Watu wakacheka, wakaguna, wakapiga miluzi. Habumugisha aliinua kichwa tu, akawatazama mmoja baada ya mwingine, bila haraka, kama anayehesabu waliohudhuria. Kelele zikafa. Kila mmoja pale ana cheti anachokihitaji kutoka ofisini.

Sura kumi nzima tumeulizana, wewe na mimi, kwamba Gitifu anapata nini kwa kumfukuza daktari wa ng'ombe. Jibu ndilo hilo, lilikuwa kwenye karatasi ya dalali. Ng'ombe alitakiwa aende kwa baba mkwe tangu mwanzo, na Mukandori, kwa kusoma orodha ya kijiji badala ya orodha ya mezani, akawavurugia mpango wao.

Mukandori akaomba karatasi. Akaipiga picha kwa simu, akamtumia Gasana amwambie kama ingeshinda rufaa. Hazikupita dakika mbili. Gasana alijibu kwa neno moja.

"Ingetosha."

Wakaanza kumpakia. Ubao ulikuwa mwembamba na mteremko mkali. Gaju akaweka kwato moja, ubao ukacheza, akarudi nyuma. Vijana wa lori wakamsukuma. Akarudi. Mmoja akakunja mkia wake, mwingine akachukua fimbo. Gaju akateleza, magoti ya mbele yakapiga chini, tumbo lile kubwa likagonga ukingo wa ubao.

"Acheni!" alipiga kelele Mukandori. "Iko na mimba ya miezi munane! Mutaua vitu bibili!"

"Basi, ipandishe wewe," alisema dalali, na si kwa ubaya. Alikuwa amechoka, na alitaka kwenda kula.

Alisimama pale. Fikiria, msomaji. Akikataa, watampandisha kwa fimbo, na huenda mimba ikatoka hapohapo mbele ya bibi. Akikubali, mkono wake ndio utakaomtoa ng'ombe zizini.

Akamwaga udongo mkavu kwenye ubao ili kwato zisiteleze. Akatandika majani juu yake. Akaagiza mawe mawili yawekwe chini ubao usicheze. Kisha akaichukua kamba kutoka mkononi mwa Nyirarukundo, kidole kimoja kimoja, maana bibi alikuwa hajaiachia.

"Gaju," alisema. "Kuya, Gaju. Kuya, mama."

Na ng'ombe, aliyekataa wanaume wanne, akamfuata. Alipanda taratibu, akinusa bega lake, mpaka ndani ya lori. Mukandori alimfunga kwa fundo legevu ili aweze kulala, akapapasa tumbo, akasikiliza. Ndama alikuwa anacheza. Alishuka bila kumtazama mtu.

Lori likaondoka. Gitifu akaondoka nyuma yake, na hapo ndipo alipotoa mikono mfukoni, ili afungue mlango wa gari lake.

Uani pakabaki kinyesi kibichi na kamba fupi. Majirani wakaaga mmoja mmoja, kama watu wanaotoka msibani. Mukabera peke yake alibaki, akafagia zizi lisilo na kitu, kwa kukosa la kufanya.

Mukandori akakaa chini kwenye jiwe. Sasa nitamwambia, alijisemea. Nitamwambia kwamba ni mimi niliyefuta, na kwamba kamba ya kwanza niliikata Jumatano. Alikuwa ameshafungua kinywa.

Lakini Nyirarukundo aliingia ndani.

Alikaa huko kitambo. Alipotoka, alikuwa amevaa kitenge chake cha Bukavu, kile cha misa ya Pasaka, na viatu vilivyofungwa kamba. Kichwani kitambaa cheupe. Mkononi kitambulisho.

"Simama, twende," alisema.

"Twende wapi, Maman?"

"Ku korti. Si uliniambiaka Ijumaa, saa nane? Saa haiyafika."

"Maman..."

"Ngoja niseme." Bibi alikaza kitambaa kichwani. "Miye nilizani tuko nabishania heshima. Nikasema, hapana, sitamukana muntu alinipa ngombe. Kumbe bale beko nabishania kuiba. Kama ni vile, nitamukana. Nitasema mbele ya bantu yote: Mukandori hakunipa kitu. Alisoma tu jina langu ku liste. Batu bacheke. Aibu yangu itakurudishia kazi yako, na kazi yako itanirudishia Gaju. Si vile Maître alitaka?"

Ndivyo Maître alivyotaka. Ndivyo alivyotaka Jumatatu, na Jumanne, na Jumatano mpaka saa tano asubuhi.

Mukabera akasimamisha ufagio. "Maman Dokta, mupeleke. Mutachelewa."

Na Mukandori, ambaye angeweza kusema kila kitu kwa sentensi moja, alisimama, akamshika bibi mkono, wakaanza kuteremka.

Unaniuliza kwa nini? Sijui. Nimeandika sababu yake mara nne na kila mara naifuta. Labda alitaka bibi aendelee kutumaini walau mpaka barabarani. Kisha mpaka mjini. Kisha mpaka langoni.

Njia nzima Nyirarukundo alijifunza maneno yake kwa sauti, kama mtoto anayekwenda komunyo ya kwanza. "Mukandori hakunipa kitu. Alisoma tu. Mukandori hakunipa kitu." Kila akifika kwenye "hakunipa" alifumba macho, kisha akakanyaga mbele. Mara moja alijisahau, akaanza, "Yampaye inka..." akajishika mdomo kwa mikono miwili.

"Nisamehe," alisema. "Mazoea."

Pikipiki mbili ziliwashusha mbele ya mahakama saa nane kasoro dakika kumi. Watu walikuwa wamekaa kwenye mabenchi ya nje, bahasha mapajani. Ukutani, karibu na mlango, palikuwa pamebandikwa karatasi ya kesi za siku hiyo.

Nyirarukundo alinyoosha kitenge chake. Akasogea mpaka pua ikakaribia kugusa karatasi, akaitazama kwa heshima kubwa, kutoka juu mpaka chini, yeye ambaye hajui kusoma hata jina lake.

Kisha akageuka, akitabasamu kwa mara ya kwanza tangu asubuhi.

"Nisomee, Dokta," alisema. "Kama siku ile ku majani. Jina yetu iko wapi?"